Taa Isiyopenda Uongo

Jumatano, 4 Machi
Shemeji amepiga simu. Anakuja Jumapili tumalizie pamoja mchezo wa hadithi ulio kwenye simu ya dada yake, marehemu mke wangu. Amenionya nisiuguse. Nikamwambia sina hata habari nao. Nilikuwa nimeshaufungua.

Ni picha na maneno. Msichana anatembea na taa, watu wanamuuliza maswali, wewe unamchagulia jibu. Akidanganya, taa inafifia. Ya mke wangu inawaka kama mpya. Miezi yote ile akiugua kitandani, hakuna hata uongo mmoja. Ndivyo alivyokuwa. Shati langu la harusi alisema nimevaa pazia.

Nitatazama tu.

Alhamisi, 5 Machi
Nimegusa. Bibi mmoja mle ndani anauliza kama mwanawe atarudi. Mwana amekufa, msichana ndiye aliyemzika. Na bibi keshamtandikia kitanda. Ungemwambia nini? Nikachagua "Atarudi." Taa ikafifia. Nimekaa jikoni mpaka chai ikapoa.

Ijumaa, 6 Machi
Mpango: niseme kweli mfululizo hadi taa irudi. Nimemwambia mwokaji mikate yake ni migumu. Nimemwambia bwana harusi anapendewa shamba lake tu. Wote wamelia. Taa vilevile.

Mpango wa pili: nimepandisha mwanga wa simu hadi mwisho. Sasa taa inang'aa. Msichana naye kapauka kama kamwagiwa unga. Shemeji hatagundua.

Jumapili, 8 Machi
Shemeji akatazama simu, akanitazama mimi. "Shemeji, mbona huyu mtoto kama ana homa?" Nikasema simu imezeeka. Akashusha mwanga. Ikabidi nieleze yote, macho sakafuni.

Alicheka mpaka akashika ukuta. Akasema dada yake alimdanganya bibi huyohuyo kila alipofika pale. Taa ikififia, anairudia sura nzima ya mchezo, na bibi akiuliza, anadanganya tena. Ile siku aliyozima simu mara ya mwisho, alikuwa amerudi mwanzo wa sura, anajipa moyo wa kumwambia kweli.

Sikujua kama inarudiwa. Sikujua mengi.

Shemeji akairudisha sura mwanzo. Taa ya mke wangu ikawaka. Akanikabidhi simu, akasema haya, mwambie kweli huyo bibi kwa niaba ya dada, tumalize. Akaenda kuchukua vikombe.

Bibi akatandika kitanda, akalainisha mto kwa kiganja. Akauliza.

Nikamwambia atarudi. Halafu nikapandisha mwanga, kidogo tu safari hii.