Posa kwa Kimakua

Jumatatu, 3 Agosti 1953
Nimeamua. Namposa Adelina! Kikwazo ni mjomba wake, Mzee Albano, mchonga vinyago wa Temeke. Nyumbani kwake ni Kimakua mtindo mmoja. Mie Mhaya wa Bukoba, ingawa hapa Kinondoni najiita mtu wa pwani. Hata kikoi navaa. Basi nitaposa kwa Kimakua. Mzee atalia kwa furaha!

Jumatano, 5 Agosti
Mwalimu nimepata. Romani seremala, Mmakua halisi. Naye alikuwa akimnyemelea Adelina, lakini kaapa yamekwisha. Muungwana! Kanifundisha sentensi moja ndefu, eti maana yake naomba binti yenu kwa heshima zote. Naikariri mpaka bafuni. Jirani kauliza kama naumwa jino.

Jumapili, 9 Agosti
Aibu! Nilipiga shikamoo, nikaitoa sentensi bila kukwama. Nyumba nzima ikaangua kicheko. Kumbe nimemposa bibi yake Adelina! Bibi Bernadeta, mjane, kibogoyo, akajifunika khanga, akajibu kwamba atafikiri. Romani alaaniwe!

Mzee Albano akafuta machozi, akaniuliza kwa Kiswahili kilichonyooka: “Na kwenu mnasemaje?”

Nikajibu sina kilugha, mie wa pwani. Akauliza pwani ipi. Nikasema... pwani tu. Uso ukambadilika.

“Asiye na kwao, nimpe mwanangu ampeleke wapi?”

Nimerudi kwa miguu, jua la utosi.

Jumanne, 11 Agosti
Adelina kanikuta sokoni. Kanisema! Kimakua changu kibovu kimemfurahisha mjomba. Kilichomuuma ni kuona mtu mzima anamkana mama yake. Mlango haujafungwa, anasema. Niende Jumapili, niseme Kihaya changu, Kiswahili kitatufikisha kunakobaki. Kisha akauliza mama alikuwa akiniitaje utotoni. Nikamwambia. Akalirudia jina polepole, akalikosea vizuri mno. Nusura nilie mbele ya wauza dagaa.

Jumatano, 12 Agosti
Nimetafakari. Ushauri wa Adelina mzuri, ila una tundu. Nikisema Kihaya, si watajua nimetoka Bukoba? Nimepata bora zaidi. Nimeazima tai. Jumapili naposa kwa Kiingereza! Hakuna wa kucheka, maana nyumba ile hakuna anayekijua. Mie mwenyewe sikijui, lakini nani atagundua?