Ombi la Kugeuza Antena Upande wa Buyenzi

Buyenzi, Bujumbura
Septemba 1970

Kwa Bwana Mkurugenzi,
Nyumba ya Televisheni,
Kinshasa

Bwana Mkurugenzi Mheshimiwa,

Hatujapata kuonana, lakini wewe unamwona mpwa wangu kila wiki na mama yake hamwoni, kwa hiyo nimekuhesabu kuwa mtu wa nyumbani na nitasema nawe bila kuzunguka. Mimi ni Népomuscène Namegabe, fundi cherehani wa hapa Buyenzi, mzaliwa wa Bukavu. Mpwa wangu ni Sébastien Byamungu, yule anayesimulia historia kwenye televisheni yenu kila Jumapili jioni. Mama yake ni dada yangu Mathilde. Nimeandika kwa Kiswahili kwa sababu Kifaransa changu kinatosha kupimia suruali tu, na jambo hili ni kubwa kuliko suruali.

Labda hujui mtumishi wako alitoka wapi. Tangu utoto, Sébastien ukimtuma chumvi alirudi bila chumvi, ila na habari kamili ya watu walioleta chumvi Bukavu mara ya kwanza. Mapadri wakaona kipaji, wakampeleka kusoma Kinshasa, wakati huo bado ikiitwa Léopoldville. Nyuma yake vita vikaingia kwetu, tukavuka mto Ruzizi na kuja kukaa huku Bujumbura. Yeye akabaki huko. Alifundisha shule, kisha akasoma matangazo ya vifo redioni, kisha siku moja mtangazaji wenu wa historia akakaukiwa na sauti. Sébastien akakalishwa mahali pake, akasimulia wafalme wa zamani bila karatasi mpaka mkamzimia taa. Hayo alituandikia mwenyewe. Baada ya hapo akawa mtu mkubwa, na barua zake zikawa fupi.

Sisi hatukujua ukubwa wenyewe ukoje mpaka Marcellin, muuza vitenge jirani yetu, aliposafiri kwa ndege hadi Kinshasa. Alimkuta Sébastien ndani ya televisheni kwenye sebule ya hoteli. Aliporudi alisema, "Mama Mathilde, mutoto wako anavaa kravati, ananyooshea ramani fimbo, na wazungu wananyamaza."

Dada yangu hakulala vizuri wiki nzima. Kisha akasikia kwamba mzungu mmoja wa mtaa wa Rohero anarudi kwao na anauza vyombo vya nyumba, na miongoni mwake kuna televisheni aliyokuja nayo toka Ulaya. Bwana Suud Nasor, mwenye duka la kona, ndiye aliyemsaidia kuinunua. Alimwonya kwa uaminifu: "Mama, katika mji huu hakuna televisheni. Hilo ni sanduku tu." Mathilde akamjibu, "Mutoto wangu iko mule ndani. We ubebe polepole."

Sasa nayaleta malalamiko yetu.

1. Picha haifiki. Tunawasha, kioo kinajaa vitu vyeupe vinavyorukaruka kama mchele unaopepetwa, na sauti yake ni ya mvua juu ya bati. Tumesogeza antena juu ya paa, tumeifunga kwenye mpapai, tumemsimamisha Bwana Massoudi dereva wa lori akiishika kwa mikono miwili mpaka misuli ikamkaza. Mchele ni uleule. Hata hivyo dada yangu huketi mbele yake kila Jumapili, amejifunga kitenge kizuri, na husema, "Bonjour, papa," kama kwetu mama anavyomwita mwanawe. Kwa heshima ya mama, wote tunaitikia.

2. Uzembe huu wenu umeleta ugomvi mtaani. Watu wanaokuja kutazama ni wengi, Wakristo na Waislamu, na kila mmoja anaona lake. Bi Kaltum, mke wa Bwana Suud, aliona kravati shingoni, akaapa. Mwanne, muuza ndagala, vile visamaki vya ziwani, alisema hapana, ni fimbo ya ramani. Walinuniana hadi Bi Kaltum akawa anapeleka watu kununua ndagala soko la mbali. Kama mngeonyesha waziwazi ama kravati ama fimbo, wanawake hawa wangekuwa wanasalimiana leo.

3. Saa. Hili lilituumiza. Miezi mingi tulikuwa tukiwasha saa moja jioni kama Marcellin alivyotwambia, ndipo Gélase wa posta akatueleza kwamba saa ya Kinshasa iko nyuma ya yetu. Yaani muda wote huo tulikuwa tukimwitikia mtu mwingine kabisa, huenda yule wa habari za mpira. Dada yangu alikuwa amemweleza mtu huyo mambo ya ndani ya ukoo. Naomba aambiwe asiyarudie.

4. Hili la nne, Bwana Mkurugenzi, niliandika na kufuta mara nyingi. Mwaka wa juzi shemeji yangu, fundi seremala, baba yake Sébastien, alifariki. Gélase alimpelekea mtoto telegramu. Jibu lilikuja na maneno mawili: "Nina kipindi." Tulizika. Mathilde aliikunja telegramu akaiweka chini ya mto. Jumapili ile ya kuondoa matanga, Marcellin alikuwa tena Kinshasa, akamtazama Sébastien pale hotelini. Siku hiyo alikuwa akisimulia mazishi ya mfalme mmoja wa zamani, kwamba mwili haukushushwa kaburini mpaka wana wote wawe wamefika, hata aliyekuwa safari ya mbali. Marcellin anasema alisimulia vizuri sana, na watu pale sebuleni walilia. Hatukumweleza dada yangu. Lakini nakuuliza wewe uliyempangia kazi: mtu anayejua hayo yote kuhusu wafalme, kwa nini hukumpa nafasi ya kumzika fundi seremala? Nimekuona ni mtu mwenye moyo mgumu, na nimeandika hivyo kwa wino.

Kutokana na hayo, familia imekaa chini ya uenyekiti wangu na kuamua kuomba mambo yafuatayo.

Tunaomba antena yenu igeuzwe upande wa Buyenzi, Jumapili tu, muda wa kipindi. Siku nyingine endeleeni kuitazamisha mnakotaka. Mkisema milima ya juu ya Uvira inazuia, tunaelewa, sisi tumeiona. Basi simikeni antena nyingine juu ya mlima wenyewe. Bwana Massoudi amekubali kuipandisha kwa lori lake, ilimradi mlima uwe na barabara.

Na kama mlima hauna barabara, basi mumwambie Sébastien aseme kwa sauti kubwa zaidi, na kwa Kiswahili.

Na hayo yote yakishindikana, tunaomba dada yangu aletwe huko aonyeshwe yeye kwenye televisheni, ameketi kimya, muda uleule wa historia. Kwa kuwa sisi hatuwezi kumwona mtoto, ni haki mtoto atuone sisi. Fimbo atashika yeye Mathilde.

Sina nia ya kuvunja heshima yako. Nisalimie mkeo na watoto, wapiga picha wako, yule mwenye kuzima taa, na hata yule wa mpira ambaye sasa ni kama ndugu. Bwana Suud na Bi Kaltum wanawasalimu. Mwanne naye anawasalimu, kivyake.

Ni mimi ninayeendelea kungoja mbele ya mchele,

Népomuscène Namegabe
Fundi cherehani, Buyenzi

N.B. Nilikuwa bado sijaifikisha barua hii posta. Ijumaa mchana Sébastien mwenyewe alishuka kwenye lori lililotoka Uvira, na sanduku moja, vumbi mpaka kwenye nyusi. Mathilde alikuwa anatwanga sombe, majani ya muhogo. Alisema tu, "Ingia, papa, jua ni kali," akaendelea kutwanga, ila mchi ulikuwa unakikosa kinu.

Anasema mwenzake kazini alimuuliza baba yake amezikwa wapi, na yeye anayejua kaburi la kila mfalme hakulijua la baba yake. Akaja kwako kuomba ruhusa, nawe ukampa siku hiyohiyo. Anasema pia kwamba mwaka ule wa msiba hakukuomba chochote, alijibu telegramu kabla ya kukuuliza. Kwa hiyo futa lile neno la moyo mgumu. Ni la kwake, na ameshaambiwa.

Jumamosi tulimpeleka makaburini. Alikaa huko mpaka nikamfuata.

Jumapili majirani walikuja kama kawaida. Sébastien akasimama mbele ya kioo, dada yangu akaizima televisheni ili asisumbuliwe na mvua, naye akasimulia. Kravati hakuvaa, fimbo hakushika, Bi Kaltum na Mwanne wakashindwa wote wawili, wakarudi nyumbani pamoja wakicheka. Katikati ya habari mtu mmoja alithubutu kuuliza swali, na Sébastien akajibu. Watu wakatazamana. Basi maswali yakaanza, na Mathilde akauliza la mwisho: "Unaondoka lini?" Akasema, ruhusa ikiisha.

Kwa sababu hiyo, Bwana Mkurugenzi, antena iacheni ilivyo. Mwaka huu mna kazi nyingi, na wasimulizi wazuri hamkosi huko. Naomba, kwa heshima zote, usimkumbuke haraka.