Barafu ya Chai ya Bibi

Jumatatu, 14 Novemba
Baridi nyuzi thelathini na tano chini ya sifuri. Bibi Akulina kasema barafu ya kuyeyusha tupate maji ya kunywa imeisha, niende ziwani na binamu Erchim tukakate ya msimu mzima. Ziwani! Mwaka jana lilimeza farasi mzima na tandiko lake. Jana nimelisikia linanguruma. Nikamwambia mguu unauma. Kauliza upi. Nikachechemea kwa yote miwili.

Jumanne, 15 Novemba
Erchim kashusha mapande arobaini mbele ya kwao, kayapanga kama ukuta. Kila anayepita anasifu. Bibi kaenda kuyapapasa. Karudi kasema kama mpaka Ijumaa sina barafu, anahamia kwa Erchim, yeye na ng'ombe wake. Nibaki peke yangu! Na darini kuna kitu kinakwaruza. Nimekisikiliza vizuri: kina miguu minne.

Jumatano, 16 Novemba
Akili imekuja! Barafu si maji tu? Nimeyeyusha theluji nyuma ya zizi, nikaimimina kwenye mabeseni ya kunyweshea ng'ombe. Jioni, mapande kumi! Nimemwambia Bibi nimetoka ziwani, peke yangu. Machozi yakamtoka. Kanipa bakuli la malai na matunda ya porini. Nimekula huku natetemeka. Mabakuli mawili. Glavu ya kushoto siioni.

Alhamisi, 17 Novemba
Bibi kamwita Erchim chai, anisifu mbele yake. Nilitamani kuzimia. Bibi kaonja, kaweka kikombe chini. Erchim kaonja, kauliza eti siku hizi ng'ombe wanalala ziwani? Katoka, kaleta pande langu moja, kaliinua dirishani. La ziwani unamwona mtu upande wa pili. Langu jeupe kama maziwa. Na katikati glavu yangu, vidole vimenyooka kama inaomba msaada. Bibi hakunigombeza. Hapo ndipo nilipoogopa kweli. Kaanza kukunja mablanketi yake.

Ijumaa, 18 Novemba
Nimeenda. Erchim kanifunga kamba kiunoni. Ziwa likalia paa! Nikalala kifudifudi. Erchim akacheka: "Wee binamu, unalikata au unalibusu?" Nimekata hivyo hivyo, nimelala. Mapande matatu. Bibi kayatazama kwenye mwanga, moja moja, kisha kakunjua mablanketi. Anabaki! Ila kasema Jumatatu nikakate mengine ishirini.

Jumamosi, 19 Novemba
Ishirini! Sijapata usingizi. Lakini nimechunguza. Ukuta wa Erchim hauna jina la mtu, na kesho mchana kwao wote wanaenda kuvua. Nitachukua mapande ya nyuma tu, ya mbele wacha yasifiwe. Na safari hii nimejifunza: glavu nimezishona kabisa kwenye mikono ya koti.