Nyota Majani Yashuka Mogitu

Jumamosi, tarehe 8 Machi 2025. Asubuhi hiyo ukungu ulikuwa umeufunika mlima Hanang mpaka miguuni, na manyunyu yalidondoka taratibu kama mgeni asiye na hakika kwamba amealikwa.

Onesphory alisimamisha pikipiki yake nyekundu kwenye kibanda cha chai cha Mogitu. Nyuma alikuwa amefunga kilele cha nanasi, yale majani ya juu yenye miiba, alichokiokota kwa muuza juisi wa Babati na kukipaka rangi ya fedha. Alikuwa anakipeleka Katesh akakiuze kama ua la mezani. Mpaka hapo hakuwa ametenda dhambi kubwa.

Ndipo akamsikia mzee Hermani, mwenye shamba kubwa kuliko yote pale, akilalamika huku akila chapati yake.

"Mahindi kila mtu anayo. Mbaazi kila mtu anazo. Mimi nataka kitu ambacho jirani akikiona, chakula kimpalie!"

Onesphory akaweka kikombe chini. Moyo wake uliimba kama kwaya siku ya Pasaka.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Hicho ulichofunga ni nini?"

"Mzee, hapa si mahali pa kukitaja."

Baada ya maneno hayo, Hermani asingekubali kitajwe mahali pengine isipokuwa nyumbani kwake.

Nyumbani alikuwepo mkewe, Tekla, akikamua ng'ombe pembeni ya zizi. Kando yake alisimama Zawadi, mtamba mwekundu aliyefiwa na mama yake siku aliyozaliwa. Tekla alimlea kwa chupa, akamfunika kwa kitenge chake cha harusi. Alimpenda mno, na hakuona haya kumwombea kila jioni.

"Mbinguni kuna nyota iliyo mmea," Onesphory alianza, huku akifunua kile kilele. "Inaitwa Nyota Majani. Ina mizizi, ina majani, na mvua ikikaribia huangusha mche. Huu ndio mche wake. Ukipandwa karibu na zizi, ng'ombe hutoa maziwa mpaka ndoo zinaomba msamaha."

"Wengine wanao?" Hermani aliuliza.

"Hapa nchini, utakuwa peke yako."

"Basi!" alisema Hermani. Alikuwa ameshanunua.

Tekla alikuja karibu, akanusa ule mche, kisha akakaa kwenye kigoda kama mwanafunzi wa katekisimu.

"Eti mwanangu, huko mche huu unakojulikana, watu wanaupokeaje?"

Hapo Onesphory alipaswa kunyamaza. Lakini ulimi wake ulikuwa kama ile pikipiki yake: injini nzima, breki zimekufa.

"Mama, Wasirimo wa visiwa vya barafu, mleta mche huchimba shimo mwenyewe, kimo cha mtu! Wakelembu wa jangwa la chumvi, hubeba samadi kichwani bila kusema neno. Na Wayondori, hao ndio wenye imani! Mwenye nyumba hutoa mtamba wake bora."

"Na mleta mche hutoa nini?"

"Hutoa kila kitu, mama! Hata kipando chake, kiwe punda au ngamia, hukiweka kwa mama wa nyumba mpaka nyota ichanue."

"Ni watu wazuri sana," Tekla alisema. "Mzee Hermani, umesikia?"

"Nimesikia. Mtamba ni Zawadi. Kamba ile pale."

Onesphory akanyoosha mkono. Hermani akamzuia.

"Subiri. Kesho ni Jumapili ya kubariki mbegu. Hapa kwetu mbegu ngeni haipandwi bila baraka, na aliyeileta huipanda mwenyewe majirani wakiona. Ukiondoka leo, watasema nimeiba."

"Na mambo ya Wasirimo tuyaanze sasa," Tekla akaongeza, akampa jembe.

Onesphory alimtazama Zawadi, akaona alivyonona, akachimba. Kila akisimama kupumua, Tekla alichungulia na kusema, "Bado kichwa kinaonekana." Baadaye akabeba samadi hadi shamba zima la mbaazi likapata, naye hakusema neno, maana alipojaribu tu alikumbushwa Wakelembu. Kazi ilipokwisha, Tekla alikagua lile shimo.

"Kwa mche ni refu mno. Tutapanda pembeni. Hili litatufaa choo."

Jumapili mbegu zote zilibarikiwa kanisani. Kisha waumini wakavuka barabara hadi zizini kwa Hermani, vijana wa kwaya wakiwa mbele. Onesphory alipanda mche, akajipangusa, akaishika kamba ya Zawadi.

Tekla akamvuta kando, kwa sauti ya chini kama anayesali.

"Mwanangu, mimi nanasi nalijua hata likivaa fedha. Nikisema, mume wangu atachekwa mpaka Katesh, na wewe hawa vijana watakukimbiza mpaka Babati. Nikinyamaza, utaishi kama Myondori. Lete ufunguo."

"Mama, nanasi kwa baridi hii litachanua lini?"

"Mungu ndiye ajuaye. Sisi tuna kazi ya kutosha. Mbaazi bado hazijapandwa."

Onesphory alitazama vijana wa kwaya. Wanakwaya wa Mogitu hulima kila siku, mabega yao si ya kuimba tu. Kamba ikamtoka mkononi, ufunguo wa pikipiki nao ukahama.

"Majirani!" Tekla aliita. "Mgeni wetu ana neno."

Katekista Sylvester akanyamazisha watu. Hermani, machozi ya kiburi yakimlenga, alimtazama jirani yake kuona kama chakula kimempalia. Zawadi alikuwa akilamba kitenge cha Tekla. Onesphory akavua kofia, akainua mkono wenye malengelenge, akasema kwa sauti iliyosikika mpaka barabarani:

"Mimi Onesphory, mbele ya Mungu na mbele yenu nyote, naahidi kwamba sitamgusa mtamba huyu, wala sitaipanda pikipiki ile, wala sitaacha kulima hapa, mpaka Nyota Majani ichanue!"