Bahari Yangu Kwenye Barrière

Jumatatu, 8 Mei 2000. Butembo.
Orpa amefulia soksi katika bahari yangu! Dada huyu hana haya. Nilikuwa nimeweka beseni la maji uani tangu ukungu ulipoinuka, nikichunguza mwanga unavyocheza juu ya maji. Kazi ya msanii. Anasema beseni ni lake, na kwamba mimi bahari sijawahi kuiona. Kweli sijaiona. Na Mungu nani kati yetu amemwona, mbona tunasali? Aliendelea kufua.

Jumatano, 10 Mei.
Mpango! Mzee Melchior wa Beni, baba yake Falonne wangu, amejenga salon mpya ya kupokelea wageni na ukuta ni mtupu. Yeye hufuata vitenge Dubai, bahari ameiona kwa macho yake. Akiitundika picha yangu, ataninyimaje binti? Tatizo ni Ézéchias, yule mchora vibao vya saluni, naye anamtaka Falonne. Amekuja kuchungulia kazi yangu. Ameuliza samaki wako wapi. Samaki! Akasema yeye atampelekea mzee mbuzi. Nikamuuliza, wa rangi au wa mkaa? Akasema wa kula.

Ijumaa, 12 Mei.
Imekwisha! Nimefumua gunia la unga, nikalipaka buluu lote. Katikati jua la manjano lenye miale. Pembeni vimeta sita vya mwanga, kimoja chini ya kingine. Nimelia kidogo.

Jumamosi, 13 Mei.
Sikufika Beni. Wahuni! Kwenye barrière, kizuizi cha barabarani, askari wa waasi walikunjua picha yangu, wakaruka nyuma. Komanda akaitwa, akahesabu kwa kidole: nyota kubwa katikati, ndogo sita pembeni, kitambaa buluu. Akauliza niko napeleka wapi drapeau, yaani bendera, ya Kinshasa, serikali wanayopigana nayo. Nikamwambia ni bahari. Akasema, “Butembo hapana iko na bahari. Bahari ya Congo yote iko kwa bale ba Kinshasa. Donc ni yabo!” Miaka yote ninachora, huyu ndiye mtu wa kwanza kutambua kitu katika picha yangu, naye ametambua vibaya! Akauliza ni ya nani. Mimi si mwongo. Nikasema ni ya Mzee Melchior wa Beni, ataitundika ukutani ionwe na kila mgeni. Nikawatekea maji hadi jioni, wakaniachilia. Picha wamebaki nayo.

Jumanne, 16 Mei.
Berthe, muuza sombe, majani yale ya muhogo, katoka Beni na habari. Askari walipekua nyumba ya Mzee Melchior, wakapasua marobota ya vitenge wakitafuta bendera nyingine. Mzee amelala mahabusu. Ametoka amekonda, na salamu zake kwangu haziandikiki. Ézéchias alifika na mbuzi. Wamemla. Falonne amekubali. Hakulazimishwa, Berthe ameongeza, wala sikumuuliza. Nimeumia sana. Sikugusa ugali.

Alhamisi, 18 Mei.
Kosa nimeliona: picha ilikuwa ndogo! Mtu ataielewaje bahari ya gunia moja? Falonne akiona kubwa, atarudi. Nimepata shitingi, turubai zima la plastiki. Buluu tupu, jua kubwa zaidi, vimeta vikali zaidi. Nimeitandaza juu ya bati ikauke. Orpa anapiga kelele niishushe. Wivu. Helikopta ya jeshi linalowasaidia waasi imepita chini kabisa, ikageuka, sasa inarudi. Angalau huko juu wako watu wanaojua kutazama.