Tundu Kando ya Kitovu

Injinia hakuwahi kujenga hata banda la kuku, ila kwa kujenga uongo hakuwa na mpinzani. Asubuhi hiyo alikuwa kwenye benchi la hospitali, vifungo vya shati wazi, tundu dogo likimwasha kando ya kitovu. Alilipata akimuuzia bibi mmoja dawa ya kupoza mbwa wakali. Bibi alishawishika. Mbwa hakushawishika.

Daktari aliandika haraka kwamba ameumwa tumboni, akakimbilia mgonjwa mwingine. Injinia alikuwa anasubiri plasta tu pale muuza nyama mmoja mnene, aliyefuata vidonge vya presha, alipoketi pembeni yake na kuanza kujipepea kwa kadi ya bima ya ajali.

"Miaka tisa nailipia," alinung'unika, "sijateguka hata kidole! Huu si wizi?"

Masikio yalimsimama Injinia.

"Kaka, wewe una kadi huna jeraha. Mimi nina jeraha sina kadi. Unadhani tumekalishwa benchi moja bure?"

Muuza nyama aliliangalia lile tumbo kama anayepima paja la ng'ombe. "Hicho kitundu? Bima watakucheka."

"Bima hawasomi mwandiko wa daktari. Nani anauweza? Wanasoma namba." Injinia alishusha sauti kama mtu anayetoa siri ya ukoo, kumbe alikuwa ameisoma orodha nzima dirishani kwa karani, tena kichwa chini miguu juu. "Kila ugonjwa una namba yake. Ukiumwa tumboni, jino likaishia kwenye ngozi, mwishoni wanaandika moja. Likipenya mpaka ndani, ile moja inakuwa sita. Tarakimu moja tu, kaka, na fidia inanenepa kuliko wewe."

"Tunagawana?"

"Nusu kwa nusu."

Kadi ilitoka haraka mno. Mtu asiyejiona mjanja kuliko wote angejiuliza kwa nini. Injinia hakujiuliza.

Dirishani alikaa karani wa namba za magonjwa, mama mwenye miwani ya kuning'iniza shingoni. Aliisoma kadi, akamtazama Injinia, akaisoma tena.

"Aliyekuuma?"

"Mbwa, dada."

"Wapi?"

"Kando ya kitovu."

"Limepenya?"

Injinia alivuta pumzi ya msiba. "Dada yangu, utumbo ulichungulia nje, ukaona aibu, ukarudi."

Karani aliuma mdomo, akabonyeza sita. "Pole sana, shemeji."

Ule ushemeji ulimlainisha Injinia moyo. Alijua tangu zamani kwamba wanawake humpenda.

Aligeuka aondoke, akakuta wahudumu wawili na kitanda cha magurudumu. "Lala," mmoja alimwambia. "Namba sita haitembei."

"Inakwenda wapi?"

"Chumba cha upasuaji."

Daktari wa upasuaji alikuwa mtu mpole, na hilo ndilo lililomtisha Injinia zaidi. "Jino la mbwa ni jembamba," alieleza. "Juu unaona kitundu, ndani utumbo umetoboka. Likipenya, hapa kwetu utaratibu ni mmoja. Tunafungua tunaangalia."

"Daktari, naona nimepona."

"Wote husema hivyo."

Injinia alitaka kusema ukweli, jambo ambalo ulimi wake haukulizoea. Lakini mlangoni alisimama askari, na ukutani juu ya kofia yake palibandikwa tangazo: kutumia kadi ya mwenzio ni jela. Kisu huku, pingu kule. Aliliogopea tumbo lake kwa dhati, kwa kuwa ndiyo mali pekee aliyowahi kuipata kihalali.

Tumaini lilirudi alipomwona muuza nyama akiingia.

"Wewe ni nani wake?" daktari aliuliza. "Tunahitaji ndugu wa kutia saini."

"Kaka yake, tumbo moja." Muuza nyama alishika kalamu. "Mfungueni bila wasiwasi, daktari. Mdogo wangu ni mwoga tangu utotoni, msimsikilize."

"Kaka!" Injinia alipiga kelele. "Waambie ukweli!"

"Ukweli ni kwamba nakupenda," alisema muuza nyama, akatia saini. Kisha akamwinamia sikioni. "Upasuaji una fidia yake pia. Tulia."

Daktari wa usingizi alimwambia ahesabu mpaka kumi. Hakufika nne.

Walipomfungua walikuta utumbo mzima, safi, hauna hata mkwaruzo. Wakamshona nyuzi kumi na saba na kumpongeza kwa bahati yake.

Siku ya kutoa nyuzi alijikokota hadi dirishani, mkono tumboni, kuulizia fidia. Palikuwa na karani mpya, kijana mwenye haraka.

"Imeshalipwa kwa mwenye kadi."

"Na yule mama wa miwani?"

"Ameacha kazi wiki iliyopita. Wamehama mji na mumewe, yule muuza nyama." Kijana alivuta kibodi. "Tuhakikishe taarifa zako kabla sijafunga faili. Aliyekuuma, hapa imeandikwa mbwa. Ni sahihi?"

Injinia alilitazama tumbo lake, ule mshono mrefu kama zipu. Kwa mara ya kwanza maishani mwake alijaza fomu bila uongo.

"Futa mbwa," alisema. "Mwonee huruma, hana kosa. Andika binadamu."

"Mmoja?"

"Wawili. Mke na mume."