Dole Lile Lilikuwa Langu

Jumatatu, 6 Mei
Nimetukanwa bila tusi! Mdahalo wa wagombea wawili, matangazo ya moja kwa moja, nchi nzima ikitazama, na mwongozaji wa kamera ni Shemeji. Mdogo wa mke wangu! Mimi ndiye niliyemwingiza kituo hiki cha televisheni akunje nyaya, hajui hata kamera inatazama upande gani. Bosi kaniambia kituo kinataka damu changa. Kwani mimi mishipani nina maji? Eti nikae pembeni yake, nimshauri. Mfadhili mbuzi utamnywa mchuzi. Shemeji hana hata mchuzi.

Jumanne, 7 Mei
Mke wangu kampigia pasi mdogo wake shati la mdahalo. Shati LANGU. Nikasusa chakula. Hakuna aliyegundua. Baadaye nikala jikoni, nimesimama, kwa hasira.

Jumatano, 8 Mei
Mpango tayari! Mpiga picha wa kamera namba tatu, tunamwita Twiga kwa ajili ya shingo yake, ana kinyongo na Shemeji: kanyimwa likizo. Tumeelewana. Kamera yake ikiwa hewani, mimi nakohoa kwenye kipaza sauti cha kuwasiliana na wapiga picha, yeye anaishusha kamera chini ya meza. Taifa litaona viatu badala ya nyuso. Bosi atapiga yowe, Shemeji atainuliwa kitini, mimi nitaokoa jahazi.
Mke kauliza mbona nacheka peke yangu. Kasema mchimba kisima huingia mwenyewe. Kweli tupu. Shemeji ajihadhari!

Ijumaa, 10 Mei
Nimeibiwa! Niandike kabla sijaivunja kalamu.
Shemeji kaketi kwenye kiti changu, chumba cha kuongozea juu ya studio, anaita kamera kwa sauti ya kubembeleza mtoto: "Kamera moja, tafadhali. Asante, mbili." Tafadhali! Kamera haiombwi, inaamrishwa! Mgombea mnene akawa anaapa kwamba maisha yake yako wazi, hana cha kuficha. Kamera tatu hewani. Nikakohoa. Twiga akashuka.
Chini ya meza, mgombea kavua viatu. Soksi imetoboka. Dole gumba liko nje, linachezacheza kama linasalimia wananchi.
Studio nzima ikaangua kicheko. Mgombea mwenyewe akajiona kwenye skrini, akacheka mpaka akatoa machozi, akainua mguu juu ya meza ili waliochelewa nao waone. Simu zikaanza kulia kila kona. Nikamgeukia Bosi nisikie yowe. Bosi anapiga makofi! Anasema hilo ndilo jicho la mwongozaji! Shemeji naye kainamisha kichwa kama bibi harusi.
Nikasimama. "Dole lile ni langu! Nimelipanga mimi! Nilikohoa ili huyu mjinga aumbuke!"
Kiwiko changu kilikuwa kimeegemea kitufe. Kitufe cha kupeleka sauti studio. Mwendesha mdahalo akatazama juu, akauliza mbele ya taifa zima, "Samahani, mwenye dole ni nani?"

Jumamosi, 11 Mei
Mama mkwe kapiga simu. Nimepokea mimi, kaomba aongee na mwongozaji. Nikasema ndiye mimi. Akasema hapana, yule mwenyewe.
Bosi kanihamishia kipindi cha mazoezi ya viungo, alfajiri, wakati hata majogoo wanapiga miayo. Alitaka kunifukuza, Shemeji ndiye aliyeniombea. Jioni kaja nyumbani, kaniambia, "Shemeji, usijali. Kwangu wewe bado ni mwalimu." Kwa macho makavu! Tangu nizaliwe sijatukanwa hivyo. Nikasema asante, meno yakasagana kama kinu cha mahindi.

Jumatatu, 13 Mei
Nimetafakari kwa kina. Nakubali, nilikosea. Kosa lilikuwa kutumia kamera: kamera kazi yake ni kuonyesha. Mwezi ujao Shemeji anaongoza tamasha la muziki, moja kwa moja. Leo nimemkaribisha chai fundi umeme. Kumbe naye hampendi Shemeji. Mtu muungwana sana.